Aliyemsemea Malkia

4 Februari

Dada yangu wa pekee,

Pokea salamu za mtu mnene. Mimi mzima, ila mashati hayafungi tena. Ukubwa una taabu zake. Wewe je, na lile koo linalokukwaruza? Sukutua maji ya chumvi. Si daktari mimi, lakini nimetengeneza filamu tatu zenye madaktari.

Sasa kaa chini. Filamu yetu ya kwanza inarudi kwenye majumba ya sinema, nchi nzima! Waziri ameniita baba wa sinema yetu, mimi niliyeishia darasa la saba, na wenye digrii wakapiga makofi. Unamkumbuka yule mwigizaji wetu wa Malkia, uso wa kusimamisha magari, sauti ya debe? Ukamsemea wewe mwanzo hadi mwisho, mle chumbani tulimotundika mablanketi. Basi pumzika. Nimeleta binti, amesema maneno yote upya, sauti safi kama kioo. Tepu yako ilikuwa imechakaa, tumerekodi juu yake mambo mengine.

Mdogo wako, Produsa Mkuu


19 Aprili

Mdogo wangu,

Habari za huko na tumbo lako. Mimi nakuandikia nikiwa kitandani hospitali. Koo halikuwa la chumvi. Jumatatu wananipasua, wanatoa chote kinachotoa sauti. Baada ya hapo ni mimi na daftari.

Mwanangu ana mimba ya miezi saba. Nina ombi moja, na unajua mimi si mtu wa kuomba. Nitumie ile filamu nilimomsemea Malkia. Kuhusu huyo binti sikukuelewa vizuri, lakini ya zamani si unayo? Sauti niliyobaki nayo sasa ni ya mlango mbovu, hii sitaki irekodiwe mjukuu aisikie. Kule nilikokuwa nafua mashuka niliwaambia wenzangu Malkia ni mimi, wakanicheka miaka yote. Wao basi. Mtoto tu ajue bibi yake alikuwa anasemaje.

Dada yako


2 Juni

Dada,

Mwanao alinipigia, najua walishakupasua. Unakula? Kidonda kinauma? Barua yako nimeijibu mara sita, na mara sita nimechana.

Ya zamani sina. Niliifuta kwa mkono wangu huu, huku napiga mluzi. Nimekwenda mpaka ghala la filamu la taifa kutafuta nakala yenye sauti yako. Makopo yananuka siki, ukifungua unakuta filamu imeshikana donge moja, haizunguki tena. Baba wa sinema nikakaa sakafuni nikalia, mlinzi akaniletea maji.

Lakini sikia. Fundi wa sauti ameniambia yule binti alisema kila kitu, akashindwa kucheka tu, pale Malkia anapomcheka mumewe aliyeteleza matopeni. Alikuwa kama anapiga chafya. Kabla sijafuta, fundi akachomoa kicheko chako, akakipachika. Sekunde nne. Nimekisikiliza mara mia, ni wewe kabisa, na nchi hii hakuna mwenye masikio kama yangu. Nimekitia kwenye flashi hii. Nisamehe, dada.

Mdogo wako


30 Juni

Bosi wangu,

Salamu kutoka nyumba yenye kelele. Mjukuu amefika, wa kike, analia kama king'ora. Kidonda kinafunga, uji unapita.

Tumesikiliza sote. Mwanangu alilia, akasema, "Mama, huyo hapo." Nikamwandikia kwenye daftari: ndiyo. Wewe sitakudanganya. Si mimi. Siku ile ya kurekodi nilijaribu kucheka nikaishia kukohoa. Wewe ukapanda juu ya kiti kutufokea, kiti kikavunjika, ukaenda chini na makaratasi yako. Aliyecheka ni Mama yetu, alikuwa amekaa nyuma yangu juu ya ndoo. Wewe ukasema imetoka vizuri, iachwe hivyo hivyo.

Sauti yangu usiitafute tena. Na mwanangu usimwambie.

Miaka kumi na moja tangu tumzike, nilikuwa nimesahau kwamba Mama alikuwa anavuta pumzi kwanza ndipo anacheka. Nilirudia mara tatu, nikazima. Nilitaka kucheka naye, nikafungua mdomo, hakikutoka kitu.

Dada yako