Kampuni Haina Shingo

Mpendwa shemeji Bakari,

Kwa heshima na taadhima, nawatangazia walio hai, na wewe uliyetangulia, kwamba kuku mweupe wa dada yangu Zuhura, mkeo, ameteuliwa rasmi kukalia kile kiti cha ofisini ulichopewa na kampuni. Uteuzi umeanza leo asubuhi. Ametaga yai moja, ambalo ni faida ya kwanza kuwahi kutoka kwenye kiti kile.

Unakumbuka kilivyoletwa? Kilishushwa kwenye lori hapa Njinjo, kimeviringishwa magunia, na nyuma yake akashuka Mshamu, mwenye kampuni ya mbao kule Masoko. Ilikuwa miaka ile tumehamishiwa kijiji cha ujamaa, kila mtu ndugu, kila kitu chetu, na mtu mwenye kampuni alihitaji jina la mkulima mwaminifu alitangulize mbele. Jina likawa lako. Wewe ulijua mihogo, mikorosho na sura ya Yasini. Ukawa mkurugenzi.

Uliniuliza mimi kwanza, maana nilijisomea sheria kwenye magazeti yaliyofungiwa sukari.

"Shemeji, nikisaini halafu mambo yakaharibika?"

Nikakujibu kwa sauti ya jaji: "Kampuni ni mtu mwingine kabisa. Ikikosa, imekosa yenyewe."

Gazeti lilikuwa limechanika palepale. Sehemu iliyobaki sikuisoma. Ilikwenda na sukari ya mtu mwingine.

Ijumaa moja, baada ya sala, Mshamu akakuletea kitabu cha hundi. Lori lilikuja mara moja kwa wiki, nawe ukaona kumrudisha mwenzio kila safari kwa saini moja moja si uungwana. Ukazisaini zote zikiwa tupu, ya kwanza hadi ya mwisho. "Kumshuku mtu usoni ni kumtukana," ulisema, ukapuliza wino ukauke. Mimi nilikushikia kurasa zisipeperuke.

Wapasua mbao wa kampuni walikuwa wamemaliza kiangazi chote msituni, wawili kwa msumeno mmoja, wa juu amesimama kwenye gogo, wa chini yuko shimoni anakula vumbi. Mshamu akawalipa wote kwa hundi moja. Kiongozi wao, Athumani, akaipeleka benki Lindi. Wakamrudishia: akaunti haina kitu. Alipopita Masoko, Mshamu hayupo, na ofisi yake imefungwa kwa kamba ya katani. Kilichobaki mkononi mwake ni saini yako.

Walikuja asubuhi, ukinywa uji. Hawakubisha hodi. Walikuvuta kwa mguu mpaka uani, na Athumani akakupiga mdomoni kwa mgongo wa panga. Nililiona jino likiruka. Ukainua mkono kujikinga, mpini wa shoka ukaushukia. Mfupa ulilia kama kuni kavu. Mimi nilikuwa nyuma ya ua wa makuti, nikitafakari sheria.

"Si mimi!" ulipiga kelele, na damu ikitoka na maneno. "Ni kampuni! Kampuni ni mtu mwingine!"

Maneno yangu hayo. Athumani akacheka.

"Kampuni haina shingo, mzee. Wewe unayo."

Akaikanyaga. Wawili wakaja na msumeno, ule mrefu wa magogo, mmoja huku, mmoja kule, kama wanavyoushika kila siku. Zuhura alikuwa ameshikwa nywele, anapiga mateke. Hakuna aliyekuwa anatishia tu.

Ndipo akapita katikati yao Bi Somoe, mtani wa ukoo wenu na wa akina Athumani pia, na bakuli la majivu. Akakumwagia usoni, kama watani wafanyavyo msibani, akajitupa juu yako, akaanza kuomboleza.

"Mtani wangu kafa! Mchoyo huyu! Kafa hajaninunulia hata kanga! Nani kakuruhusu ufe kabla yangu, mbwa wewe?"

"Toka hapo, bibi," Athumani akasema. "Yu hai huyo."

"Hai ya wapi? Nimeshamlilia. Maiti ni wa mtani. Mguse maiti wangu uone. Siku yako ikifika sikuoshi, sikuchimbii, utaozea ndani na nzi wako."

Mmoja wao akaangua kicheko, akajuta, lakini kilikuwa kimeshatoka. Athumani alisimama na panga juu. Kuua angeweza. Kufa asipate mtani wa kumzika, hilo hakuna mtu wa huku anayelithubutu. Akageuka, akamkata shingo mbuzi wako kwa pigo moja, kisha wa pili, kisha mgomba. Hasira ilitaka pa kushukia.

Polisi wakakuchukua na majivu yako. Mahakamani Masoko hakimu aliuliza: "Saini hii ni yako?"

"Yangu, mheshimiwa."

"Ulijua kama benki kuna kitu?"

"Sikumuuliza mwenzangu. Ningemuaibisha."

Akakueleza kwamba kampuni haifungiki jela, kwamba hutenda kwa mikono ya wakurugenzi wake. Alisema alichosema Athumani, ila yeye alivaa tai. Ukapata mwaka mmoja.

Ulirudi na mkono uliopinda, usioweza tena kushika jembe. Hukunilaumu hata siku moja. Kila asubuhi ulinipitia, ukanisalimu, "Jaji, hujambo?" na ukaenda zako. Shemeji, afadhali ungenipiga. Nilipaswa kutoka nyuma ya ule ua. Nilipaswa kusimama mbele ya hakimu niseme ushauri ulikuwa wangu na kurasa nilishika mimi. Nayasema sasa, mbele za watu, wakati hakuna wa kunifunga wala wa kunisamehe. Zuhura hunipakulia chakula bila kunitazama, na ana haki.

Pumzika, shemeji wangu. Mola akunyooshee mkono ule.

Mahakamani hakuna aliyeuliza mbao zilikuwa wapi, wala mimi. Zilikuwa hapahapa Njinjo, kando ya barabara, tangu Mshamu atoweke hakuna lori lililokuja kuzichukua, na mchwa walizimaliza.

Shemeji yako