Formation Yako na Pua ya Mudogo Wako

Beni, commune Ruwenzori
Siku ya Mungu, tarehe 9 mwezi wa tatu 2025

Kwa mujukuu wangu mupendwa Edmond, kule Kinshasa,

Jambo sana. Uko muzima? Unakula vizuri, ao ungali unakula mukate na chai kama mugonjwa? Bibi yako wa ndoa, Bénie, na mutoto bako salama? Na kile kifua chako, kimepona, ao ungali unalala mbele ya ile climatisation, ile mashine ya baridi? Huku sisi tungali na uzima, Mungu asifiwe. Goti langu la kuume linauma mvua ikikaribia, lakini kwa misa ninaenda na miguu yangu mwenyewe, sibebwi na mutu.

Usicheke maandiko yangu. Nilifika mpaka mwaka wa tatu wa primaire, lakini kalamu naijua. Simu nilikupigia, ukaniambia "Koko, niko mu réunion," ukakata. Barua haina bouton ya kukata. Antoinette, ule mwenye kuuza vitenge, anapanda ndege kesho. Ataiweka mu mukono yako, na nimemuambia asitoke pale mpaka usome yote.

Edmond, niko na woga. Mimi Virginie, mwenye kukimbia kutoka Kasugho na wewe mu mugongo. Woga wa vita naujua: risasi inalia kwanza, unakamata batoto, unakimbia. Woga huu ni mwingine, juu kile kitu hapana kulia. Ni mambo ya mudogo wako Jemima kule depot ya kakao, na ni wewe ulileta.

Unajua chef Kabongo, mukubwa wa depot, alimupandisha. Zamani alikuwa anachagua mbegu, sasa bamemutia mu équipe ya dawa, wale wenye kufunika mifuko na bâche, lile turubai, na kuweka vidonge ndani. Vidonge vinatoa hewa ya kuua wadudu. Kazi inaanza katikati ya juma hii inakuja. Na formation, mafundisho ya ile kazi, bureau yako ndiyo ilituma, jina lako liko pale chini. Jemima alitembeza ile karatasi kwa majirani bote: "Ni yaya yangu, kaka yangu mukubwa, alitengeneza!" Mi pia nilijivuna sana.

Sasa sikia vile ilipita. Balikalisha batu mu salle, chef akafungua video, mutu wa Kinshasa anaongea Kifaransa mbiombio kama anakimbia mvua. Balikunywa sucré, ile soda ya chupa. Kisha chef akauliza, "Mumeelewa?" Bote: "Ndiyo, chef!" Makofi, brevet ya kuonyesha umefundishwa, kila mutu kwake. Mais Edmond, wewe umekulia huku! Nani wa kwetu ataambia mugeni, na sucré yake ingali mu mukono, kama hakuelewa? Ni kumutukana. Ulilijua lile, na ulilisahau siku ulifunga cravate mu shingo.

Na wa kwanza kuitika alikuwa Jemima, kwa sauti ya juu. Angefanya nini? Aseme mafundisho ya yaya yake hayaingii mu kichwa? Akuaibishe mbele ya chef? Anaona afazali afe. Na mi naogopa atakufa kweli.

Juma ilipita nilimuambia, "Nionyeshe kazi yako." Akacheka. "Koko, wewe hauna brevet."

"Baba yako nilimufundisha kufunga mufuko mbele ya ile brevet kuzaliwa. Leta maharagi."

Tukaweka mufuko wa maharagi mu lupango, mbele ya nyumba, shuka ikakuwa bâche, vijiwe vikakuwa vidonge. Alivaa hata masque yake ya kazi. Na alifanya muzuri, siwezi kudanganya. Alifunga pembe zote, akalaza muchanga juu ya shuka pembeni ili hewa isitoke. Nilianza kufurahi. Halafu akapiga magoti, akavua masque, akainua pembe ya shuka, akaingiza pua yote ndani.

"Unafanya nini, wewe?"

"Naangalia kama dawa imeshika, koko. Si ni wewe ulinifundisha?"

Ndiyo, ni mimi. Mu nyumba zote za kwetu, tukiisha kuweka majivu na pilipili mu maharagi, tunafungua na kunusa. Ukipiga chafya, dawa ni muzuri, maharagi yatafika musimu mwingine. Wewe pia ulinusa pamoja nami, ukapiga chafya mpaka kamasi. Na nilimuuliza juu ya benzake: équipe nzima banafikiri vile vile. Chef hataki kakao ya wadudu, basi utanusa uhakikishe, na mu masque hauwezi kunusa, basi utavua.

Nilibeba karatasi yako mpaka kwa Elsa, infirmière wa kituo cha afya. Alisoma mpaka nyuma. Akaniambia ile hewa, ukisikia harufu yake, imekwisha kuingia mu kifua, na inaweza kuua mutu. Imeandikwa, ndiyo, sikunyimi haki yako. Imeandikwa ukurasa wa nyuma, kwa Kifaransa, maandishi madogo kama mayai ya chawa. Kwa batu ba kubeba mifuko!

Nilirudi mbio na hili goti, nikamukataza Jemima. Unajua alinijibu nini? "Koko, kama ingekuwa hatari, yaya angeitia mu video." Neno langu ni la muzee wa maharagi, lako ni la brevet. Elsa mwenyewe alimuambia, akaitika tu, ndiyo mama, ndiyo mama. Ile "ndiyo" ndiyo inaninyima kula.

Unakumbuka vile nilikufundisha kutoa sufuria kwa moto? Nilikupatia kwanza ya maji baridi, utembee nayo toka jiko mpaka mulangoni, mi nimenyamaza nakuangalia. Ulimwaga yote kwa miguu, ukalia, mais haukuungua. Kisha ndiyo nikakupatia ya moto. Na siku zilizofuata nikaangalia tena, juu mutoto anasahau. Na équipe ya Jemima uwape maji baridi! Uwape vidonge vya chokaa, pale pale kwa mifuko, kwa Kiswahili na Kinande. Hapana kuuliza kama bameelewa. Sema, "Nionyeshe." Chef akae mbali, juu mbele yake batasema ndiyo hata kwa kifo. Kisha urudi kuwaangalia, hapana kutuma brevet na kulala.

Ile ni ya baadaye. Leo, ukimaliza kusoma, pigia chef Kabongo asimamishe kazi, mimi muzee hatanisikia. Halafu pigia mudogo wako, umuambie na kinywa chako: formation yangu ilikuwa mubaya, haukukosa wewe, nilikosa mimi. Itakuuma. Uko na kiburi, na ulikitoa kwangu, nakijua mpaka mizizi. Kimeze. Mi sina mujukuu mwingine wa kike.

Salimia Bénie, umubusu mutoto. Salimia shemeji Jean-de-Dieu. Shangazi yenu Vagheni wa Kipese anawasalimia, anasema viazi vimetoka vizuri mwaka huu, njia ikikuwa na usalama atawatumia. Mungu alinde pumzi yako, na pumzi ya mudogo wako, mpaka nitakapowaona bote wawili mbele yangu.

Mi koko yako anayekupenda hata akikukasirikia,
Virginie

Sijafunga bado bahasha, Jemima amerudi kutoka misa. Ameuliza naandikia nani, nikamuambia ni wewe. Amefurahi sana. Anasema: "Umusalimie yaya. Umuambie formation yake ilikuwa muzuri, tumeelewa yote."