Kadi Niliyoiombea

Kwa hiyo hapana, sikulia. Niliisoma barua mara mbili, nikaikunja, nikarudi kuchambua maharage. Ni Jumatano, Julai ndiyo kwanza imeanza, ukungu haujaondoka Karatu tangu asubuhi, na mimi sisikii kitu. Si uchungu, si hasira. Ni kama mkono ulioulalia ukafa ganzi.

Barua yenyewe ni nusu ukurasa.

Nina miezi mitatu kwenye ndoa, na kwa wiki tisa mume wangu Boay yuko juu Kreta, kambini kwa mtafiti mmoja mgeni. Wanachora bonde lote la Ngorongoro kwa kompyuta, wapate kuona maji ya mvua yanapita wapi na ng'ombe wanapandia wapi. Boay anasoma vimo vya ardhi kwenye ramani na kuviingiza, namba moja baada ya nyingine, kisha mashine inachora mstari kwa mstari. Picha moja ilianza baada ya uji wa asubuhi, ikaisha jua likielekea kuzama. Asingeweza kuondoka hapo, maana jenereta ikizimika kazi yote inapotea.

Basi alikuwa anakaa na kuniandikia.

Barua zile, siwezi kuzisimulia vizuri. Kurasa nane, kurasa kumi. "Sasa mashine imefika kwenye ukingo wa bonde, na mimi nimefika kwenye shingo yako." Aliandika hivyo kweli. Niliisoma nyuma ya banda la kuku, wifi yangu Martha asione ninavyocheka peke yangu. Dereva wa kambi, anayeshuka kila Jumatano kununua mafuta, ndiye aliyekuwa posta yetu. Alikuwa ananiambia, "Shemeji, gunia lako hili hapa."

Lakini mimi nilimtaka mtu, si karatasi. Na likizo yake ni picha zikiisha, si kabla.

Ndipo aliponieleza kwamba ipo kadi inayopachikwa ndani ya kompyuta, kazi yake ni kuchora tu. Alisema mashine yao ni kama nyumba yenye mke mmoja: achote maji, asage, apike, afue, yote yeye. Kadi ni kama wifi aliyekuja kusaga tu. Nikaelewa mara moja. Nikamwandikia ambane mtafiti aiagize. Nikaomba kanisani. Akina mama wa jumuiya waliponiuliza haja yangu, nilisema mume wangu anasubiri kifaa cha kazi, wakapiga magoti wote kuombea kitu ambacho hata mimi sijakiona. Niliona wazi kabisa: picha zikiisha haraka, anarudi haraka.

Kadi imefika.

Anaandika kwamba sasa picha inaisha kabla chai yake haijapoa. Mtafiti amefurahi sana, na kwa furaha hiyo anataka picha nyingine. Kwanza lilikuwa bonde tu. Sasa anataka milima ya Olmoti, Empakaai, Oldeani kwa pande zake zote, halafu kila korongo. "Sina hata muda wa kukaa, mpenzi. Ikimaliza hii naweka nyingine." Chini yake jina lake. Basi.

Niliiomba mwenyewe. Nilipiga magoti.

Ndani ya bahasha kulikuwa na picha moja, mistari mitupu iliyopishana. Mama mkwe aliigeuza huku na huku, akauliza kama ni wavu wa kubebea nyasi. Nikamwambia ni Kreta yote, imechorwa kwa muda wa kunywa chai. Akaitazama tena, akanirudishia.

"Mashine ina haraka," alisema. "Mwanangu ndiye bado."

Martha, ambaye kila siku hunitania kwamba nina mke mwenzangu wa umeme, leo hakutania. Alichukua ungo mikononi mwangu, akamalizia maharage.

Nakiri hapa daftarini tu: nimetamani ile kadi iungue. Nilisubiri nione aibu. Haikuja.

Mchana dereva alipita kuchukua barua yangu ya kujibu, kama kawaida. Sikuwa nimeandika hata neno. Nikamuuliza kama kuna nafasi ya mtu garini. Akasema safari mbili zijazo atabeba mapipa, lakini ile ya tatu nafasi ya gunia ipo. Mama mkwe alikuwa mlangoni, amesikia yote. Aliniambia nisisahau sweta la Boay, huko juu kuna baridi.

Basi kabla mwezi huu haujaisha nitapanda Kreta, Boay. Nitakuja na sweta lako, chupa ya chai na vikombe viwili, nikae upande wa pili wa hiyo mashine. Ichore inavyotaka. Muda wa chai kupoa ni wangu.