Kitobo cha Mwisho cha Kofia

Mjukuu wangu Salim,

Marahaba. Huku Temeke sote wazima, na mama yako mdogo amejifungua mtoto wa kike.

Umeuliza kama kweli nililisimamisha jua. Nililisimamisha. Ilikuwa zama za ruksa, biashara zilipofunguliwa na mitumba ikajaa mjini. Babu yako alikuwa njiani kutoka Lindi kuja kunioa, na mvua zilikuwa zimekata barabara kule Rufiji. Baba alisema asipofika kabla ya magharibi, naozwa mwenye duka la mitumba.

Nilikuwa namalizia kushona vitobo vya kofia ya bwana harusi. Bi Kidawa, somo yangu aliyenifundisha kuifunga siku kwa sindano, akanishika mkono. "Mwali, acha kitobo kimoja wazi. Siku haiishi kazi yake ikiwa bado."

Nikaacha. Jua likafika juu ya bati la jirani, likaganda. Muadhini akaigongagonga saa yake.

"Leo magharibi imepotelea wapi?" Baba akanung'unika.

"Labda nayo imekwama Rufiji," Bi Kidawa akamjibu.

Babu yako akaingia, matope hadi magotini. Nikakishona kitobo, adhana ikalia.

Unasema muda wa kukabidhi kazi yako ya chuo unakukimbia. Nakutumia kofia hii. Kitobo kimoja kiko wazi, sindano nimeichomeka pembeni. Usikishone mpaka umalize kuandika.

Bibi yako,
Mwanahawa