Jina Haijafika

Katuba, Ijumaa

Unisamehe, daftari yangu. Tangu mutoto azaliwe sijakuandikia hata mustari mumoja.

Leo papa yake alinitumia picha kumi na mbili kutoka Thailandi, kule anasoma. Yeye iko juu ya baiskeli, na kofia, nyuma ya muongozaji, banakanyaga polepole kati ya mahekalu ya zamani. Akaongeza ujumbe wa sauti: "Chérie, ungeona! Hii alijenga mufalme..." Akataja jina ndefu bila kukwama. Kisha ya baba yake yule mufalme. Kisha ya babu.

Asubuhi, kwenye vaksini, muuguzi alifungua kadi ya mutoto. "Mama, miezi miwili na bado 'Bebe'? Ataolewa na jina hii?" Bamama bote kwenye benchi bakacheka. Nilicheka nabo. Njiani nililia.

Kwetu jina inatoka kwa baba. Mama mukwe anakataa kabisa nichague miye. Na siku za kumuandikisha kwenye komini, ofisi ya serikali, ziko karibu kuisha. Nilimuuliza papa yake tena. "Nafikiria bado, usinisukume."

Bafalme bote balikufa, majina yabo anayo kichwani. Huyu anapumua hapa kifuani mwangu...

Kesho namuandikia hivi: picha, basi. Nitumie jina ya mutoto, herufi kwa herufi. Barua yenye sahihi yako, ya kupeleka komini. Na sauti yako ukimuita, mara moja tu, mama yako asikie, na mutoto pia.