Ukuta Ulioanguka Mara Moja

Jumatatu, 3 Machi

Wewe uliyelifungua daftari hili, nakusihi ulifunge. Kama umeshasoma, basi yafie moyoni mwako. Mimi ni karani wa kadi za kamera tu, mwezi wa nne kazini, na mama hajamaliza kunisifu kwa majirani.

Leo tumebomoa nyumba ya zamani kwa ajili ya filamu. Mpiga picha wetu, mzee tunayemwita Jicho, alingoja mwanga tangu alfajiri. Ukuta ukaanguka mara moja, vizuri kabisa. Watu walipiga makofi.

Kanuni yetu ni hii: kadi yenye utepe mwekundu haijanakiliwa kwenye kompyuta. Ya kijani imenakiliwa, ifutwe. Mimi, kwa kupenda kujiandaa, nilizibandika zote kijani asubuhi, nisije nikachelewa mchana. Kadi ya nne ikarudi kutoka kwenye kamera na utepe wake wa kijani. Nikaifuta. Nikaipeleka tena kwenye kamera, wakarekodi juu yake.

Ukuta ulikuwa kwenye ya nne.

Jumanne, 4 Machi

Mwongozaji ameutafuta ukuta kwenye kompyuta, hakuuona. Akaniuliza. Nikasema nimenakili kila nilicholetewa. Maneno yalitoka yamenyooka, kama ya mtu mkweli.

Akamgeukia Mzee Jicho: siku hizi unarekodi kichwani? Watu wakacheka. Mimi nikatabasamu. Nilitabasamu!

Mzee hakukasirika. Alikitazama kidole chake. "Labda sikubonyeza."

Alhamisi, 6 Machi

Sasa kila picha Mzee anamuuliza msaidizi wake kama taa nyekundu ya kurekodi inawaka. "Inawaka, Mzee, kama ilivyowaka dakika iliyopita." Kantini wanamwigiza.

Mchana alikuja mezani kwangu. "Binti yangu, wewe umesoma. Niandikie barua ya kuacha kazi."

Nikaandika, yeye akitaja. Miaka thelathini na minane: habari, mpira, tamthilia, matangazo ya sabuni, filamu kumi na moja — mojawapo chini ya maji, naye hajui kuogelea.

"Andika nimechoka. Usiandike nimesahau. Hilo watasema wenyewe."

Nikamuuliza: na kama hukusahau?

"Usinifariji, mwanangu. Nimepiga picha za mpira kwenye mvua, nimepiga za maiti wa kuigiza wakipiga chafya. Ukuta mmoja umenishinda. Mtu ashuke kabla hajashushwa." Akachukua kofia yake. "Ahsante. Angalau wewe hukunicheka."

Sikula chochote.

Ijumaa, 7 Machi

Saa tatu na robo. Atasaini saa nne, mbele ya mwongozaji. Barua iko kwenye faili, nimeipiga chapa bila kosa hata moja. Hapo ndipo ninapoweza kuwa mwangalifu!

Nimemfuata mara mbili nimwambie. Mara ya kwanza nilisema, "Mzee, chai?" Mara ya pili yeye ndiye aliyeniletea chai.

Mdomo umekataa. Basi daftari hili linaingia kwenye faili, juu ya barua.

Mzee, kama ni wewe unayesoma: ulibonyeza. Usisaini. Mwongozaji mwambie au usimwambie, sina haki ya kukuomba tena siri. Nipo stoo ya vifaa, ghorofa ya chini, mlango wa pili kushoto ukitoka kwenye lifti. Simu ya ndani ni kumi na saba, lakini najijua, huenda nisipokee. Njoo mwenyewe. Gonga. Nisipoitika, gonga tena. Nitakuwa humo.