Siku Nilipomwita Mama Yako Mwizi

Mjukuu wangu Wegesa,

Huku Mugeta hatujambo. Mtama umeota vizuri na yule ng'ombe mweupe amezaa jike. Goti langu ni lile lile.

Umeniuliza kutoka huko chuoni kama ni kweli niliwahi kumshtaki mama yako. Ni kweli. Nilitamani nife hujasikia.

Sikujaliwa mtoto wa kiume, ndiyo maana nikamwoa mama yako kwa nyumba ntobhu, mwanamke kuoa mwanamke, anizalie wajukuu wa boma langu. Kwa kuwa ng'ombe wa mahari nilitoa mimi, nilikuwaga namsema vibaya hata mbele ya majirani. Alipochoka, akakubeba mgongoni akarudi kwao Kibara. Nikaenda polisi nikasema ameniibia mtoto. Wakamkamata, wakamweka mahabusu pamoja nawe; ya huko sitayaandika.

Mahakamani Bunda, hakimu alisema mama hawezi kuiba mtoto aliyemzaa, ugomvi wa ndoa tukaumalize nyumbani. Kesi akaifuta. Nikatoka nimeinamisha kichwa.

Nje mama yako akanifuata. Nikajua anakuja kunitukana. Kumbe kitenge chake kilikuwa kimelegea. Akakuweka mikononi mwangu, akasema, "Mama, nishikie mtoto nijifunge vizuri."

Akajifunga taratibu, wala hakuniangalia kama nitakimbia nawe.

Kanisani nimetubu mara nyingi, Wegesa. Yeye sijawahi kumwomba msamaha. Ukifika kwake huko Kamunyonge anakoishi sasa, msomee barua hii, maana mimi mdomo umenishinda miaka yote.

Ni mimi bibi yako, niliyekushika siku ile.